Francis Imbuga na Nchi ya Kafira

Kwa Waluhya wengi mazishi hayaishi siku jeneza linaposhushwa. Siku chache baadaye hufuata siku ya kunyoa. Jamaa wa marehemu hukaa uani, wembe ukapita vichwani, kisha mzee mmoja husimama kuuliza nani anamdai marehemu na nani anadaiwa naye. Watoto hujua watalelewa na nani, shamba likajulikana liko mikononi mwa nani. Ukiwazuia watu wasinyoe umewaacha na maiti ambaye hajaondoka nyumbani. Hapa Ekero, pembeni mwa mji wa Mumias, ambako Waislamu na Wakristo wamezikana kwa muda mrefu na kila mmoja anaijua desturi ya mwenzake, hilo halihitaji maelezo.

Ndiyo maana tamthilia ya Francis Imbuga, Betrayal in the City, iliyochapishwa mwaka 1976, humshika msomaji wa Magharibi ya Kenya tangu ukurasa wa kwanza. Doga na Nina, mume na mke wazee, wako kwenye kaburi la mwana wao Adika, mwanafunzi wa chuo kikuu aliyepigwa risasi katika maandamano. Kaburi limeingia ufa. Wazee wanajiandaa kwa shughuli ya kunyoa, mara wanatokea askari wawili, Jere na Mulili, wenye amri kwamba shughuli hiyo isifanyike, kwa ajili ya usalama. Jere anaona haya. Anataka wazee waachwe wamalize jambo lao. Mulili hataki kusikia, maana Mulili ni binamu wa Bosi, na Bosi ndiye mtawala wa nchi iitwayo Kafira. Jere anaishia gerezani. Baadaye wazee wale nao wanauawa.

Mwandishi angeweza kuanza na hotuba ya rais, au na maandamano yenyewe. Alichagua uani kwa wafiwa, mahali ambapo serikali haina kazi kabisa, akaonyesha serikali ikifika hata hapo. Huyo ndiye Imbuga, na ndicho alichofanya kwa karibu miaka arobaini ya kuandika.

Alizaliwa tarehe 2 Februari 1947 katika kijiji cha Wenyange, Maragoli Magharibi, upande wa Chavakali. Ukitoka Ekero unafika kwao kwa kupitia mji wa Kakamega, kisha unashuka na barabara ya Kisumu. Leo Chavakali iko kaunti ya Vihiga na Ekero kaunti ya Kakamega, lakini alipozaliwa sehemu hizo zote zilikuwa wilaya moja iliyotawaliwa kutoka Kakamega. Na kabla ya 1920 amri zilitoka huku kwetu, Mumias.

Nataka nikae kidogo kwenye habari hiyo, kwa sababu sisi wa Mumias tumo katika historia hii hata kama Imbuga hakututaja. Waingereza walipofika katika miaka ya 1890 walimkuta Nabongo Mumia wa Wanga, mwenyeji wa misafara ya wafanyabiashara kutoka pwani, wakaweka kituo chao kwake. Mwaka 1909 walimtangaza chifu mkuu. Ndugu na watu wake walipelekwa kutawala jamii nyingine ambazo hazikuwa zimewahi kumtii Nabongo yeyote: Murunga akapewa Wabukusu wa upande wa Kimilili, Mulama akapewa Wamarama. Manung'uniko hayakuisha. Wamaragoli na wenzao walipigania machifu watokao kwao wenyewe, na chama cha North Kavirondo Central Association kilichoanzishwa 1932 kilijaa watu wa upande wa kusini. Mtoto aliyezaliwa Maragoli mwaka 1947 alikulia kati ya wazee waliokuwa wameishi chini ya jamaa ya mtawala wa mbali, watu waliopewa cheo kwa sababu ya udugu. Sidai kwamba Imbuga alimchonga Mulili kutokana na masimulizi hayo. Mulili wapo kila mahali barani. Lakini nasema kwamba kijijini kwake hakuna aliyehitaji kufundishwa binamu wa mkubwa ni mtu wa namna gani.

Kutoka Maragoli alifika Alliance, shule iliyokuwa ikichukua wavulana waliofanya vyema kutoka kila pembe ya nchi, kisha Chuo Kikuu cha Nairobi. Miaka hiyo Nairobi ilikuwa inachemka. Ngũgĩ wa Thiong'o na wenzake walikuwa wamedai mwaka 1968 kwamba idara ya Kiingereza iondolewe, fasihi ya Afrika iwekwe katikati. Wanafunzi walikuwa wakiandika na kuigiza, na baadaye John Ruganda, mwandishi kutoka Uganda, akawa nguzo ya kikundi cha tamthilia cha chuo kilichozunguka nchini na michezo yake.

Hapo ndipo Imbuga alipoingia kwenye televisheni. Televisheni ilianza Kenya mwaka 1962, na kuanzia 1964 ikawa chini ya Sauti ya Kenya, shirika la serikali lililokuwa na chaneli moja tu. Chaneli ya pili haikuja hadi KTN ilipoanza mwaka 1990. Kijana aliyetaka kuandikia skrini hakuwa na kampuni ya filamu ya kumwendea. Filamu zilizojaza majumba ya sinema zilitoka Marekani, Uingereza na India, na sinema ya Wakenya wenyewe ilikuwa bado: Kolormask ya Sao Gamba ilitoka 1986, Saikati ya Anne Mungai 1992. Kwa hiyo Imbuga aliiandikia Sauti ya Kenya michezo mifupi, na mwenyewe akasimama mbele ya kamera kuigiza.

Kazi ile ilikuwa chuo cha pili kwake. Mchezo wa televisheni una dakika zake, na mtazamaji aliyeko sebuleni hana subira ya msomaji. Maneno lazima yawe mafupi, mtu atambulike kwa sentensi yake ya kwanza, kicheko kije mapema. Soma Betrayal in the City kwa sauti utausikia mkono huo. Wahusika hawahutubii kwa muda mrefu. Wanakatizana, wanataniana, wanajibizana haraka haraka kama watu walio kwenye matatu. Mulili anazungumza Kiingereza kilichovunjika, misemo anaipindua kichwa chini, na ukumbi hucheka kila anapofungua kinywa. Kisha kicheko kinakwama kooni, maana mtu huyo huyo wanayemcheka ndiye anayeweza kukuua kwa ajili ya tenda ya maziwa.

Tenda hiyo ya maziwa nataka niisimulie vizuri. Kamati inaundwa kuandaa mapokezi ya kiongozi mgeni wa nchi, na ndani yake wamo Mulili na mwenzake aitwaye Kabito. Wote wawili walikuwa wakiiwania tenda ya kupeleka maziwa chuo kikuu. Kabito anahisi ameporwa na anasema waziwazi. Mulili anakwenda kwa binamu yake, anamsingizia Kabito maneno, na muda si muda Kabito amekufa, ikisemwa ni ajali ya gari. Wenzake kwenye kamati wanaipokea habari hiyo wakijua ukweli na wakiogopa kuusema. Maandamano ya wanafunzi, gereza na ukafiri wote wa Kafira vinashuka hadi kwenye lita za maziwa. Mkulima wa miwa wa Mumias, aliyekiona kiwanda kilichoanzishwa mwaka 1971 kikitiwa chini ya mrasimu mwaka 2019 na watu bado wanadai malipo ya miwa yao, hasomi mahali hapo kama hadithi ya kutungwa.

Turudi kwenye mwaka wenyewe, 1976. Mwaka mmoja kabla, Machi 1975, mbunge J. M. Kariuki alikuwa ameuawa na mwili wake kupatikana vilima vya Ngong. Tom Mboya alikuwa amepigwa risasi 1969, Pio Gama Pinto 1965. Abdilatif Abdalla alikuwa ametumikia kifungo cha miaka mitatu, 1969 hadi 1972, kwa kuandika kijikaratasi kilichouliza Kenya inaelekea wapi. Nchi ilikuwa imejifunza kunong'ona. Ndipo ikafika zamu ya kuchagua michezo ya kuiwakilisha Kenya katika FESTAC, tamasha kubwa la sanaa za watu weusi lililofanyika Lagos Januari na Februari 1977. Ikachaguliwa miwili: The Trial of Dedan Kimathi ya Ngũgĩ na Mĩcere Mũgo, ikiongozwa na Seth Adagala, na Betrayal in the City, ikiongozwa na Tirus Gathwe.

Kabla ya kusafiri ilibidi michezo hiyo ionyeshwe nyumbani, katika Jumba la Kitaifa la Michezo ya Kuigiza, lililofunguliwa Nairobi mwaka 1952 wakati wa ukoloni. Hapo ndipo Wakenya walipoona kwamba uhuru wa 1963 haukuwa umefika ndani ya jumba lile. Waliolisimamia walikuwa na ratiba yao: ballet ya Wafaransa na mchezo wa kuchekesha wa wageni vilikuwa vimepewa nafasi, na timu za Kenya zikatakiwa zijibanze kwenye siku chache zilizobaki, tena katika mwezi wa Oktoba, mwezi ambao taifa linawakumbuka mashujaa wake. Mabishano yakafika magazetini. Mwishowe michezo ikachezwa, siku nne kila mmoja, watu wakajaa. Waliosimulia juu ya Kimathi walisema watazamaji walitoka nje na waigizaji wakiimba hadi barabarani.

Imbuga hakuisahau Oktoba ile. Mwaka 1993 alitoa riwaya, Shrine of Tears, kuhusu nchi iitwayo Kilima ambayo hekalu lake la sanaa limeshikwa na watu wasioijali sanaa ya wenyeji. Msomaji aliyeijua Nairobi hakuhitaji kuambiwa ni jumba gani.

Baada ya Lagos njia za waandishi wale ziliachana. Novemba 1977 serikali ilifuta kibali cha Ngaahika Ndeenda, mchezo wa Ngũgĩ wa Mĩriĩ na Ngũgĩ wa Thiong'o uliokuwa ukichezwa na wakulima na wafanyakazi wa Kamĩrĩĩthũ. Tarehe 31 Desemba Ngũgĩ wa Thiong'o akakamatwa, akawekwa kizuizini Kamiti karibu mwaka mzima. Mwaka 1982 ukumbi wa Kamĩrĩĩthũ ulibomolewa, Mĩcere Mũgo na Ngũgĩ wakaenda uhamishoni, na Alamin Mazrui, aliyekuwa ameandika Kilio cha Haki, akatiwa kizuizini. Imbuga alibaki Kenya, akifundisha katika Chuo Kikuu cha Kenyatta, ambako kwa miaka mingi alikuwa mwalimu na kiongozi wa kitaaluma. Hakufungwa. Vitabu vyake viliendelea kuchapishwa, na serikali ile ile ikaviweka mikononi mwa watoto wa shule.

Wapo waliomhesabia hilo kuwa upole, au hata woga. Mimi naukataa uamuzi huo. Mwaka 1979, mwaka mmoja tu baada ya kifo cha Jomo Kenyatta, alitoa The Successor, mchezo kuhusu watu wanaopangiana njama juu ya nani atamrithi Mfalme Chonda. Miaka mitatu kabla, mwanasheria mkuu alikuwa ametoa onyo kwamba hata kuwazia kifo cha rais ni kosa. Mwaka 1984, miaka miwili baada ya jaribio la mapinduzi la Agosti 1982, alimrudisha Bosi katika Man of Kafira, sasa akiwa mtawala aliyepinduliwa anayeishi Abiara na kuota ndoto ya kurudi. Idi Amin alikuwa ameikimbia Uganda 1979 na kuhifadhiwa Saudia. Panga upya herufi za Kafira na za Abiara uone zinakupeleka wapi. Mtu mwoga haandiki vitabu hivyo katika miaka hiyo akiwa na nyumba Nairobi na wazazi Maragoli.

Alichokuwa nacho ni mbinu, na mbinu hiyo ndiyo anayostahili kukumbukwa nayo. Kwanza, aliwapa ukweli wale ambao jamii imewaruhusu kusema chochote. Jusper, ndugu yake Adika, huvaa joho jekundu la chuo na watu wamekubaliana kwamba ana wazimu, basi anasema asemalo. Katika Aminata yuko Agege, mlevi wa kijiji. Kila kijiji cha Uluhya kina mtu wake wa namna hiyo anayekaribishwa kila msiba kwa sababu atasema juu ya wakubwa yale ambayo wenye akili timamu wanayameza. Pili, aliweka mchezo ndani ya mchezo. Ili kumfurahisha mgeni wa Bosi, wafungwa wanatolewa gerezani wakaigize tamthilia iliyoandikwa na Jusper. Mosese, mhadhiri aliyefungwa kwa kubambikiziwa dawa za kulevya baada ya kusema mazishini kwa Adika, anafanya mazoezi pamoja na Jere. Bosi mwenyewe anakuja kutazama mazoezi, na kwa kuwa mwigizaji mmoja hayupo, anaingia kushika nafasi. Bunduki zilizoletwa kwa ajili ya jukwaa ni za kweli. Wafungwa wanazishika, na mtawala anajikuta amesimama mbele ya raia wake bila mlinzi.

Hapo Mulili anapewa nafasi ya kumtetea binamu yake. Anamkana papo hapo, anataka auawe. Jusper anamfyatulia risasi Mulili, na Bosi anaachwa hai. Nimewasikia walimu wakibishana kuhusu mwisho huo kila muhula. Naona Imbuga alijua alichokuwa akifanya: alitaka Bosi aishi ayasikie aliyoyasema mtu aliyemwamini kuliko wote.

Aminata ina historia yake peke yake. Ilichezwa Nairobi mwaka 1985, wakati mkutano wa Umoja wa Mataifa wa kufunga muongo wa wanawake ulipokusanya maelfu ya wageni jijini. Mwanasheria Aminata, binti wa Mchungaji Ngoya, ameachiwa na baba yake sehemu ya ardhi katika kijiji cha Membe. Ami yake Jumba, kiongozi wa kijiji, anasema ardhi haiendi kwa mwanamke, tena mwanamke aliyeolewa kwingine. Wanagombana hata juu ya kulijengea kaburi la Ngoya kwa saruji. Sheria ya Urithi ya Kenya, iliyotungwa 1972 na kuanza kutumika Julai 1981, ilikuwa upande wa binti. Desturi haikuwa upande wake. Imbuga aliiona sheria ikiwa imelala vitabuni, akaiinua ikasimama jukwaani yenye sura na sauti, na tangu kitabu kilipotolewa 1988 na kuingia shuleni, wasichana wengi wa nchi hii walisikia kwa mara ya kwanza darasani kwamba wao pia ni warithi. Mwenye kujua kesi za mashamba za Magharibi atakubali kwamba Jumba hajafa.

Mwanzoni mwa miaka ya 1990 lilitokea jambo adimu baina ya waandishi. Imbuga alikwenda Marekani, Chuo Kikuu cha Iowa, akaandika tasnifu yake ya uzamifu juu ya tamthilia za John Ruganda. Ruganda naye mwaka 1992 akachapisha kitabu kizima juu ya tamthilia za Imbuga, akieleza jinsi mwenzake alivyousema ukweli huku akicheka. Watu wawili waliofanya kazi moja, mmoja Mganda, mwingine Mkenya, walikaa chini na kusomana kwa makini. Sijui wengi waliofanya hivyo kwetu.

Baadaye alifanya kazi Rwanda, katika chuo cha elimu cha Kigali, na kutoka huko ikaja Miracle of Remera mwaka 2004. Mwaka 2011, baada ya Kenya kuuana kufuatia uchaguzi wa Desemba 2007, ukatoka The Return of Mgofu, kuhusu watu waliofukuzwa kwao na jinsi ya kuwarudisha. Alikuwa bado na la kusema juu ya Kafira. Alifariki tarehe 18 Novemba 2012, akiwa na umri wa miaka 65, baada ya kupatwa na kiharusi. The Green Cross of Kafira ulichapishwa mwaka uliofuata, naye hayupo.

Vizazi vya Wakenya vimefanya mtihani juu yake. Hilo ni heshima, na pia ni hatari. Ingia duka la vitabu mjini Mumias utaukuta mwongozo wa kitabu teule umechakaa kwa kupekuliwa kuliko tamthilia yenyewe. Mwanafunzi anaijua orodha ya maudhui, anaweza kukutajia sifa sita za Mulili, lakini hajawahi kumsikia Mulili akizungumza. Mtu aliyejifunza kazi yake mbele ya kamera na jukwaani anasomwa kimyakimya, kalamu ya kupigia mstari mkononi.

Kwa hiyo ombi langu ni kwa walimu wa Ekero, wa Mumias, wa Chavakali na wa kila shule iliyo na uwanja. Kabla ya mwongozo, wapangeni wanafunzi wasimame, wagawieni sehemu, waacheni wacheze. Wakaribisheni wazazi. Mchezo huu una tafsiri ya Kiswahili, Usaliti Mjini, na mama anayeuza mboga sokoni Ekero anaweza kuufuata tangu kaburini kwa Adika hadi mwisho bila mtu wa kumfasiria. Na serikali za kaunti za Kakamega na Vihiga, ambazo kila mwaka hutenga fedha za utamaduni, zitenge sehemu ya fedha hizo kwa ajili ya kuipeleka Kafira kutoka uwanja hadi uwanja, kuanzia Wenyange, kijijini kwa mwandishi.